Washtakiwa 25, chumba kimoja

Kamera ya bweni haikuwa ndani ya chumba. Ilikuwa koridoni. Ndiyo maana video iliyosambaa Bangladesh nzima kuanzia tarehe 7 Oktoba 2019 haionyeshi pigo hata moja. Inaonyesha vijana watatu wakipita na mwenzao wamembeba, mwili umelegea, na wengine wakifuata nyuma.

Aliyebebwa ni Abrar Fahad, mwanafunzi wa mwaka wa pili wa uhandisi wa umeme na elektroniki katika BUET, chuo kikuu cha uhandisi na teknolojia kilichoko Dhaka. Tarehe 6 Oktoba alikuwa amerudi kutoka kwao Kushtia. Mnamo saa 2 usiku wa tarehe 6 aliitwa kutoka chumba chake, namba 1011 katika bweni la Sher-e-Bangla, akapelekwa juu chumba namba 2011. Karibu na saa 9 usiku alikutwa amekufa kwenye ngazi, kati ya ghorofa ya chini na ya kwanza.

Hapo katikati kuna saa saba hivi.

Wiki kadhaa sasa saa hizo zimenikwama kichwani, na haswa kazi iliyoangukia mahakama: kuzigawa kwa watu 25. Nani alikuwemo tangu mwanzo? Nani aliingia akatoka? Nani hakuwepo kabisa ila alitamka neno moja lililomfikisha Abrar mlangoni? Kesi za watu wengi kumuua mmoja tunazo hata kwetu, na huwa tunazimaliza kwa kusema "wote ni wauaji". Jalada la Dhaka linaonyesha kwa nini sentensi hiyo haitoshi, hata pale ambapo ni ya kweli.

## Kosa la Abrar

Tarehe 5 Oktoba aliandika Facebook kuhusu makubaliano ambayo serikali ya nchi yake ilikuwa imetia saini na India. Yalihusu mambo matatu: maji ya mto Feni, futi za ujazo 1.82 kwa sekunde, yapelekwe mji wa Sabroom jimboni Tripura. India itumie bandari ya Mongla. Na Bangladesh iiuzie India gesi ya kupikia. Abrar aliyapinga kwa hoja za kihistoria, bila kutukana.

Bweni lilikuwa mikononi mwa Chhatra League, jumuiya ya wanafunzi ya chama tawala cha wakati huo, Awami League. Tuhuma waliyombandika Abrar ni kwamba yeye ni mtu wa Shibir, jumuiya ya wanafunzi wa Jamaat-e-Islami, chama cha siasa cha Kiislamu. Katika mabweni ya miaka ile tuhuma hiyo ilimwacha mtu bila mtetezi. Ukiitwa Shibir, anayekutetea naye anaanza kutazamwa.

Simu zake mbili na kompyuta yake vilichukuliwa vikapekuliwa, wakitafuta uthibitisho. Kisha kikaanza kipigo, kwa vijiti vya wiketi ya kriketi na kamba ya kurukia.

Kwa mujibu wa hati ya mashtaka, haya hayakuzuka usiku ule. Mazungumzo ya kumshughulikia Abrar yalikuwa yameshafanyika, mengine katika kundi la Messenger la viongozi na wanachama wa bweni. Hapo ndipo wapelelezi walipoanza kusuka kamba yao, kwa sababu mpango unaotangulia tendo ndio humfunga pamoja aliyepiga na asiyepiga.

## Pigo lipi lililoua?

Madaktari wa Dhaka Medical College waliochunguza maiti walieleza kifo kwa kuvuja damu ndani ya mwili na maumivu makali. Hakuna pigo moja ambalo unaweza kuliwekea kidole ukasema hili ndilo lililoua. Ni mapigo mengi, ya mikono tofauti, kwa saa nyingi.

Kwa hesabu ya kawaida ya jinai, huo ni mwanya wa utetezi. Kila mshtakiwa anaweza kusema: mimi nilipiga mara mbili, mapigo mawili hayaui mtu. Wakisema hivyo wote, maiti inabaki haina muuaji.

Mwanya huo umezibwa na kifungu cha 34 cha Sheria ya Adhabu ya mwaka 1860. Kinasema kwa ufupi kwamba tendo la jinai likifanywa na watu kadhaa katika kutekeleza nia ya wote, kila mmoja wao anawajibika kana kwamba alilifanya peke yake. Msomaji wa Kenya atakitambua, kwao ni kifungu cha 21. Wa Tanzania wanakijua kama cha 23. Maneno yanatofautiana kidogo, ila mzizi uko karibu: Afrika Mashariki tulihukumiana kwa Sheria ya Adhabu ya India mpaka mwaka 1930, na Sheria ya Ushahidi ya India ya 1872, ambayo Bangladesh inaitumia hadi leo, Kenya iliiacha 1963 na Tanganyika 1967. Jalada la Dhaka likifunguliwa Dodoma au Nakuru, wakili hahitaji mkalimani wa sheria.

Kesi ambayo kila anayesomea kifungu hiki hukutana nayo ni ya posta ya Shankaritola, Calcutta. Mwaka 1923 kundi la watu wenye silaha lilivamia posta, mkuu wa posta akapigwa risasi akafa. Mmoja wao, Barendra Kumar Ghosh, alijitetea kwamba alisimama uani tu, tena kwa hofu. Baraza la Rufaa la London, lililokuwa ngazi ya mwisho ya rufaa kwa makoloni ya Uingereza, lilikataa rufaa yake mwaka 1925: anayelinda mlango wakati wenzake wanaua naye anaua.

Nimeisoma kesi hiyo mara nyingi na naikubali. Lakini ina mpaka ambao watu husahau kuutaja. Kuwepo peke yake hakutoshi. Upande wa mashtaka lazima uonyeshe mambo mawili kwa kila mtu: kwamba alishiriki nia ile, na kwamba alifanya kitu, hata kidogo, kuisogeza mbele. Kusimama mlangoni ili mtu asitoke ni kitu. Kusimama mlangoni kwa sababu umeshtuka hujui ufanye nini ni jambo lingine kabisa, na kamera ya koridoni inayaonyesha yote mawili kwa picha ileile.

## Walikusudia kupiga au kuua?

Huu ndio utetezi wa asili katika kesi za namna hii, na haupaswi kudharauliwa. Walitaka akiri. Walitaka kumtia adabu. Walitaka ahame bweni. Hakuna aliyekaa akapanga maiti.

Sheria hailazimiki kumkuta mtu akisema "tumuue". Sheria ile ya 1860 inahesabu kuwa mauaji ya kukusudia pale mtu anapokusudia kumtia mwenzake jeraha ambalo kwa kawaida ya maumbile latosha kuua. Kenya ina kifungu chake cha 206 na Tanzania cha 200, ambavyo vinakwenda mbali zaidi: nia ya kumdhuru mtu vibaya inatosha kuwa dhamira ya kuua.

Hapa ndipo saa zile zinapogeuka kuwa shahidi. Ugomvi wa dakika tano una nafasi ya kusema "hasira zilitupanda". Kipigo kinachoanza kabla ya watu kwenda kula, kikasimama, kikaendelea baada ya wengine kufika, hakina nafasi hiyo. Abrar alipozidiwa akaanza kutapika, alihamishwa kutoka 2011 kwenda chumba cha 2005. Kumhamisha ni ushahidi kwamba walimwona amezidiwa. Na hospitali ya Dhaka Medical College, moja ya hospitali kubwa za nchi, iko jirani na kampasi hiyo.

Kila mmoja alikuwa na simu mfukoni.

Kwangu hili ndilo lililozima hoja ya "kupiga tu". Nia inaweza kuzaliwa katikati ya tendo. Aliyeingia saa 3 usiku akitaka kutisha, na saa 7 usiku bado yumo, anaona mtu hawezi kusimama, hapigi simu, huyo tayari amechagua.

Lakini hoja hiyo ina makali kwa waliokuwemo saa zote. Kwa aliyepita dakika ishirini mwanzoni, inapungua nguvu. Ndiyo maana muda wa kila mtu ulipaswa kupimwa peke yake.

## Ushahidi uliookolewa na wanafunzi

Asubuhi ya tarehe 7, wanafunzi wa bweni waliwazuia viongozi wa chuo na polisi wakidai nakala ya picha za kamera kabla hazijaondolewa. Wengi waliona ni fujo. Mimi naona ndiyo hatua ya kwanza ya upelelezi wa kesi hii, na ilifanywa na watu wasio na cheo.

Mashine ya kurekodi hufuta picha za zamani ili kuandika mpya, na muda wake hutegemea ukubwa wa diski. Saa ya mashine mara nyingi haiendi sawa na saa halisi; ikipishana dakika kumi na mbili na hakuna aliyeandika tofauti hiyo siku ya kuchukua picha, wakili wa utetezi atakuja kuuliza mteja wake alikuwa wapi katika dakika hizo. Anayenakili picha anapaswa kuja mahakamani aseme alinakili lini, kwa kifaa gani, akamkabidhi nani. Pengo moja katika makabidhiano, na kielelezo kizima kinayumba. Sheria ya Ushahidi ya Bangladesh ilirekebishwa kuutaja wazi ushahidi wa kidijitali mwaka 2022, yaani baada ya hukumu ya kwanza kutolewa.

Kwamba mambo haya yanaweza kuharibika hata mbele ya kamera, Dhaka ilishajifunza. Tarehe 9 Desemba 2012, Biswajit Das, fundi cherehani asiye na chama, alikatwa mapanga mchana kweupe na vijana wa Chhatra League wa Chuo Kikuu cha Jagannath, waandishi wa habari wakipiga picha. Mwaka uliofuata mahakama ilitoa adhabu 8 za kifo na 13 za maisha. Mwaka 2017 Mahakama Kuu ilibakiza adhabu 2 za kifo. Wanne wakapunguziwa hadi maisha, wawili wakaachiwa. Majaji walilalamikia ripoti ya polisi kuhusu maiti na ile ya daktari: majeraha yaliyoandikwa hayakulingana na yale ambayo nchi nzima iliyaona kwenye video.

Fikiria hilo. Video ipo, na karatasi inaipinga.

Katika kesi ya Abrar, karatasi na picha zilielekea upande mmoja. Naamini haraka ya wanafunzi ilichangia sana.

## Ungamo lenye majina ya wengine

Washtakiwa 8 walikiri mbele ya mahakimu. Msomaji wa Tanzania amezoea maelezo ya onyo yanayoandikwa kituoni na yale ya mbele ya mlinzi wa amani. Bangladesh njia ya kwanza imefungwa: alichokiri mtu kwa polisi hakipokelewi. Lazima hakimu, chini ya kifungu cha 164 cha sheria ya mwenendo wa jinai. Hakimu humweleza mtu kwamba halazimiki kusema, na kwamba akisema yatatumika dhidi yake. Humpa muda wa kutafakari, kwa desturi saa tatu, mbali na askari. Humuuliza amekaa mahabusu siku ngapi na kama amepigwa. Mwisho huandika kwa mkono wake kwamba ameridhika mtu huyu amekiri kwa hiari.

Yote hayo yakifanyika sawasawa, ungamo linamfunga aliyelitoa. Shida ni kwamba mtu anayekiri kosa la kundi hasemi "mimi" tu. Anasema fulani alileta kijiti, fulani alisema ongeza, fulani alifunga mlango. Na anayekiri ana kila sababu ya kujifanya mdogo na kuwafanya wenzake wakubwa. Wala hawezi kuhojiwa na mawakili wa hao aliowataja, kwa sababu yeye mwenyewe yumo kizimbani.

Kifungu cha 30 cha sheria ile ya 1872, ambacho Kenya inacho kama cha 32, kinaruhusu mahakama "kuzingatia" ungamo hilo dhidi ya wenzake wanaoshtakiwa pamoja. Kuzingatia tu. Tangu mwaka 1949 Baraza la Rufaa la London lilishasema, katika shauri la Bhuboni Sahu, kwamba huu ni ushahidi dhaifu. Mpangilio sahihi ni jaji aanze kwa kuliweka ungamo kando, ajiulize kama ushahidi uliobaki wamfikia mtu huyu, na ikiwa wamfikia, ndipo alichukue kama cha kuongezea uzito.

Anayeanza na maungamo manane akayapanga mezani ataona hadithi nzima imekamilika, kila mtu na kipande chake. Hadithi ikikamilika mapema hivyo, ni vigumu sana kurudi nyuma na kuuliza: huyu wa kumi na saba, bila maneno ya wenzake, nina nini juu yake?

## Waliosikia

Bweni si nyumba ya upweke. Kuta ni nyembamba, vyumba vinagawanwa, koridoni watu wanapita usiku kucha. Wahenga wetu walisema penye wengi hapaharibiki neno. Hapa palikuwa na wengi.

Ili kumlaumu aliyenyamaza, inabidi kwanza uelewe kitanda. Mwanafunzi anayetoka mkoani hana uwezo wa kupanga nyumba Dhaka. Kitanda cha bweni ndicho elimu yenyewe. Karatasi za ugawaji zinaandikwa na chuo, lakini katika vyuo vingi vya umma vya nchi hiyo, kwa miaka mingi, nani alale wapi lilikuwa jambo la "kaka wakubwa" wa jumuiya ya chama kilichoko madarakani. Chama kikibadilika, kaka wakubwa walibadilika, utaratibu ulibaki. Kuitwa chumbani kwao usiku na kuhojiwa lilikuwa jambo la kawaida. BUET penyewe kulikuwa na ukurasa wa mtandaoni ambako wanafunzi waliandika malalamiko ya unyanyasaji bila majina, na malalamiko yalikuwa yamelundikana kabla ya Oktoba 2019.

Kwa hiyo aliyesikia kelele kutoka 2011 pengine alidhani anasikia jambo alilozoea.

Wanafunzi hao ndio baadaye walioitwa ushahidi. Kati ya mashahidi 60 walioorodheshwa, zaidi ya 40 walifika mahakamani. Shahidi wa aina hii ni mgumu kumtumia: anawajua washtakiwa kwa sura na majina, jambo linaloondoa utata wa utambuzi, lakini atalazimika kueleza kwa nini yeye mwenyewe hakufanya lolote. Wakili mjanja ataanzia hapo. "Ulisikia, ukafanya nini?" Shahidi akiona aibu ataanza kupunguza alichosikia, na kila anachopunguza kinamfaidi mshtakiwa.

Chuo kilimaliza kazi yake upesi. Tarehe 11 Oktoba 2019 kilipiga marufuku siasa za jumuiya kampasini. Tarehe 21 Novemba kiliwafukuza wanafunzi 26 moja kwa moja. Kizimbani walikuwa 25. Kamati ya nidhamu haihitaji kiwango cha uthibitisho anachohitaji jaji. Ila swali la nani aliwaachia vijana wale mamlaka ya kumwita mtu usiku na kumpekua simu halikuwa na kizimba chake, na sioni kwamba lingeweza kuwa nacho chini ya kifungu chochote cha 1860.

## 11, 20, 25

Baba yake Abrar alifungua kesi kituo cha polisi cha Chawkbazar tarehe 7 Oktoba akiwataja watu 19. Wapelelezi wakaongeza 6. Hati ya mashtaka ilikamilika 13 Novemba, siku 37 baada ya kifo, kasi ambayo si ya kawaida. Katika kuitangaza, polisi walisema 11 ndio walioshiriki moja kwa moja kumpiga na 14 walihusika kwa njia nyingine.

Mashtaka yalisomwa 15 Septemba 2020 mbele ya mahakama maalumu ya mashauri ya haraka namba 1 ya Dhaka. Sheria iliyounda mahakama hizo inaweka siku 90 na nyongeza fupi. Korona ikaingilia, na hukumu ikaja 8 Desemba 2021. Watatu walikuwa hawajakamatwa na walihukumiwa bila kuwepo.

Adhabu ya kifo: 20. Kifungo cha maisha: 5.

Jaji alisema walimsingizia Abrar tuhuma za uongo wakampiga hadi kufa kikatili, na kwamba adhabu ya juu inatolewa ili tukio kama hilo lisirudiwe.

Hapa ndipo nimekuwa nikigeuka upande huu na ule. Polisi walihesabu mikono 11. Mahakama haifungwi na hesabu ya polisi. Ushahidi wa kizimbani unaweza kuongeza. Lakini kutoka 11 hadi 20 ni mwendo mrefu. Tazama watu wawili. Mmoja, kwa mujibu wa hati ya mashtaka, aliishi chumba kimoja na Abrar na ndiye aliyewaambia wakubwa kwamba anamshuku ni Shibir. Alipewa kifo. Mwingine alikuwa mkazi wa 2011, usiku ule hakuwepo, ila alikuwa ameuliza kwa ujumbe kama Abrar yupo bwenini. Alipewa maisha. Wote wawili mchango wao ni maneno, na maneno hayo ndiyo yaliyomsogeza Abrar kwenye chumba. Naweza kukubali kwamba wote wana hatia. Naweza hata kukubali kwamba mmoja amezidi mwenzake. Ninachokataa ni kumweka yule wa kwanza mstari mmoja na aliyeshika kijiti saa 7 usiku.

Nia ya pamoja inajibu swali la hatia. Haijibu swali la adhabu. Hayo ni maswali mawili, na kifungu cha 302 cha Bangladesh kinampa jaji nafasi ya kuyatenganisha: anaweza kuchagua kifo au maisha. Jaji wa Tanzania hana nafasi hiyo. Akimtia mtu hatiani kwa mauaji ya kukusudia, sheria inamwelekeza kwenye kunyongwa, jambo ambalo Mahakama ya Afrika iliyoko Arusha ililikosoa Novemba 2019 katika shauri la Ally Rajabu. Kenya ilijiondoa hapo Desemba 2017 kwa uamuzi wa Mahakama yake ya Juu katika shauri la Muruatetu. Kwa hiyo inaniuma zaidi kuona jaji mwenye chaguo akilitumia kwa namna ambayo watu ishirini wanaonekana mtu mmoja.

Baba na mama walizika mtoto. Sisemi haya kuwapunguzia haki yao. Nasema kwa sababu hukumu isiyotenganisha watu ni rahisi kubomoka mbele ya majaji wa juu, na ikibomoka, familia ndiyo inayorudi kukaa kwenye benchi.

## Waliotangulia

Kubomoka huko kuna historia. Sabekun Nahar Sony, mwanafunzi wa BUET hiyohiyo, aliuawa 8 Juni 2002 kwa risasi za makundi mawili ya Chhatra Dal, jumuiya ya chama kilichotawala wakati huo, yaliyokuwa yakigombania zabuni. Watatu walihukumiwa kifo. Mwaka 2006 Mahakama Kuu ikapunguza hadi maisha. Zubair Ahmed wa Chuo Kikuu cha Jahangirnagar alishambuliwa Januari 2012. Mwaka 2015 watano walipewa kifo na sita maisha. Mwaka 2018 adhabu tano za kifo zikathibitishwa, lakini wanne wa kundi la maisha wakaachiwa.

Na Abu Bakar, wa Chuo Kikuu cha Dhaka, aliyekufa Februari 2010 baada ya makundi ya Chhatra League kupigana bwenini. Washtakiwa wote 10 waliachiwa Mei 2017. Familia yake haikuambiwa. Ilikuja kujua miezi mingi baadaye, wakati muda wa kukata rufaa ulishapita.

Kwa hiyo nilitarajia Mahakama Kuu ichambue orodha ya Abrar na kupunguza. Bangladesh kila adhabu ya kifo hupelekwa huko kuthibitishwa, hata kama mfungwa hakukata rufaa. Tarehe 16 Machi 2025 majaji wawili walithibitisha yote: 20 kifo, 5 maisha. Hakuna jina lililohama safu.

Nchi ilikuwa imegeuka katikati. Serikali ya Awami League ilianguka Agosti 2024, Chhatra League ikapigwa marufuku Oktoba mwaka huohuo chini ya sheria ya ugaidi. Mwezi huohuo wa Machi 2025 Abrar alitunukiwa Nishani ya Uhuru, tuzo ya juu ya taifa. Sidai kwamba majaji waliongozwa na upepo huo. Ushahidi wa msingi ulikuwa na nguvu tangu 2019, chini ya serikali ya chama kilekile cha washtakiwa. Lakini uthibitisho wa jumla, katika mwezi kama ule, unahitaji sababu za mtu mmoja mmoja kuliko wakati wowote.

Wiki chache kabla ya uamuzi huo familia ya Abrar ilikuwa imegundua jambo jingine: mmoja wa wale 20 alitoroka gereza la Kashimpur tarehe 6 Agosti 2024, pamoja na wafungwa zaidi ya 200. Zaidi ya miezi sita ilikuwa imepita.

Ngazi iliyobaki baada ya Mahakama Kuu ni Kitengo cha Rufaa. Mawakili wa wale tisa, yaani tofauti kati ya mikono 11 ya polisi na vifo 20 vya mahakama, wana hoja ya kupeleka huko, na mawakili wa serikali wana haki ya kuijibu kwa picha, dakika na mashahidi. Ninachokitaka kutoka kwa majaji ni ukurasa mmoja kwa kila jina. Uandike aliingia 2011 au 2005 saa ngapi, na picha ipi inaonyesha hivyo. Uandike alitoka lini. Uandike shahidi gani, asiye mshtakiwa mwenzake, alimwona akifanya nini. Kisha jaji aeleze, chini ya ukurasa huohuo, kwa nini maisha hayamtoshi.